Somo la Historia: Daftari la Malipo na Fedha ya Kijiji

Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Leo tutakwenda India, tuone jinsi wanavijiji walivyodai fedha yao kwa wakuu wa mabaraza.

Huko India kijiji huwa na baraza la kuchaguliwa, liitwalo panchayat. Tarehe 2 Oktoba, 1959, Waziri Mkuu Jawaharlal Nehru alizindua mpango wa mabaraza hayo mjini Nagaur, katika jimbo la Rajasthan. Mkuu wa baraza la huko huitwa sarpanch. Fedha ya serikali ya kujenga barabara na kuchimba mabwawa hupitia kwa baraza.

Rajasthan ni nchi kavu. Mvua ikikosekana, watu hutafuta kibarua katika kazi hizo za serikali. Walakini vibarua wengi walilipwa chini ya ujira uliowekwa na sheria. Walipouliza sababu, waliambiwa, "Daftari ndilo lisemalo hivyo." Walipoomba kuliona, waliambiwa kuwa ni siri ya serikali. Wengi hawakujua kusoma. Walitia dole gumba, wakaenda zao.

Tarehe 1 Mei, 1990, chama cha wafanyakazi na wakulima, MKSS, kilianzishwa huko Rajasthan. Mmoja wa waanzilishi wake ni Bibi Aruna Roy, aliyeacha kazi ya serikali mwaka 1975. Tarehe 2 Desemba, 1994, chama kiliitisha mkutano wa hadhara kijijini Kot Kirana. Madaftari yakasomwa kwa sauti, mbele ya watu walioandikwa humo.

Sikilizeni yaliyotokea katika mikutano ya namna hiyo. Jina likisomwa, mwenyewe husimama na kusema, "Sikufanya kazi hiyo." Majina ya watu waliokwisha kufa yalionekana kuwa yamelipwa ujira. Kazi ambazo hazikumalizika ziliandikwa kuwa zimekwisha. Baadaye wakuu kadha wa mabaraza walirudisha fedha mbele ya watu wao.

Maofisa wengi bado walikataa kutoa nakala za hesabu. Basi, tarehe 6 Aprili, 1996, watu wakaketi mjini Beawar kudai haki hiyo, wakakaa siku 40. Rajasthan ilipata sheria ya haki ya kupata habari mwaka 2000, na India nzima mwaka 2005.

Je, mkuu akiisha kutoka madarakani, deni limekufa? La. Tazameni sheria ya mabaraza ya vijiji ya jimbo la Uttar Pradesh, ya mwaka 1947, pamoja na marekebisho yake. Mkuu aliyepoteza fedha ya baraza kwa uzembe au kwa utovu wa uaminifu hutozwa fedha hiyo. Anaweza kudaiwa mpaka miaka 10 tangu hasara ilipotokea, au miaka 5 tangu alipotoka madarakani. Hufuatwa muda unaochelewa kwisha. Mtuhumiwa hupewa nafasi ya kujieleza. Kisha mkuu wa wilaya, akiridhika kuwa deni ni la kweli, hulidai kama kodi ya ardhi isiyolipwa.

Tufanye hesabu. Tuseme fedha ilipotea mwaka 1990, na mkuu akatoka mwaka 1992. Miaka 10 yaishia mwaka 2000. Miaka 5 yaishia 1997. Basi angeweza kudaiwa mpaka mwaka 2000.

Mwaona, ndugu zangu, kwamba uvumi haurudishi fedha. Kinachoirudisha ni jina, tarehe na kiasi, vikisomwa na watu wanaojua ukweli wake. Kwa hiyo msitie saini wala dole gumba kabla hamjasoma, au kusomewa na mtu mnayemwamini.

Maswali ya kuzungumza darasani:
1. Kwa nini daftari lilisomwa mbele ya watu wote?
2. Fedha ilipotea mwaka 1994, mkuu akatoka mwaka 2001. Kwa sheria ile, mwisho wa kumdai ni mwaka gani?
3. Kijijini kwenu hesabu husomwa wapi, na nani huisikiliza?