Kutoka kisu hadi waya: tiba ya mlango wa kizazi ilivyofika Mara

Ukimwambia mama wa Nyanungu, wilayani Tarime mkoani Mara, arudi wiki ijayo kuchukua majibu, umemwagiza mambo mengi kwa mkupuo. Atafute nauli ya bodaboda mpaka barabara kubwa, kisha ya gari mpaka Tarime mjini. Apate wa kumwachia ng'ombe na watoto. Amweleze tena mume, au mama mkwe, kwa nini anarudi hospitali ilhali hana homa wala hajalazwa. Wengi hawarudi, na si kwa uzembe. Mtu asiyeumwa hawezi kula ada ya shule ya mtoto kwa ajili ya kwenda kusikiliza majibu. Na mabadiliko ya awali ya mlango wa kizazi hayaumi. Yakishaanza kuuma, kutoa damu na harufu, mara nyingi yameshakuwa saratani.

Historia ya tiba ya mabadiliko hayo husimuliwa kama historia ya vifaa na majina ya madaktari wa Ulaya. Majina hayo nitayataja, sina budi. Lakini kwa wilaya za Tarime na Serengeti kipimo chenye maana ni kingine: kila kifaa kilipokuja, kilimpunguzia mwanamke safari ngapi?

Mwanzo palikuwa na kisu. Mwaka 1898, mjini Vienna, daktari Ernst Wertheim alianza kufanya upasuaji mkubwa wa kuondoa kizazi chote pamoja na tishu zinazokizunguka. Idadi isiyo ndogo ya wagonjwa wake wa mwanzo walikufa, ila bila upasuaji kifo kilikuwa cha hakika. Miaka ilivyokwenda madaktari wakagundua kwamba ugonjwa huu hukaa muda mrefu juu juu, kwenye ngozi laini ya mlango wa kizazi, kabla ya kuzama ndani. Hapo hapakuwa na haja ya kung'oa kizazi. Ilitosha kukata kipande chenye umbo la koni kwenye mlango wake. Hata hivyo kilikuwa kisu, na kisu kilitaka chumba cha upasuaji, dawa ya usingizi na kitanda cha kulazwa.

Kubaki na kizazi ni jambo zito popote, na katika nchi hii ya Wakurya, wakaao Tarime na Serengeti, lina uzito wake wa pekee. Hapa ndipo penye desturi ya nyumba ntobhu, ambapo mwanamke asiye na mtoto wa kiume hulipa mahari ya ng'ombe na kuoa mke ili mji wake upate warithi. Katika jamii iliyobuni ndoa nzima kwa ajili ya kutafuta mtoto, uvumi kwamba "wanaopimwa hutolewa kizazi" unatosha kuwafukuza wanawake kliniki msimu mzima. Muuguzi anayepima hapa anapaswa kuanza kwa kusema kitakachobaki.

Baada ya kisu lilikuja swali la kumtambua mgonjwa kabla hajaugua. George Papanicolaou, Mgiriki aliyefanya kazi New York, alitangaza mwaka 1928 kwamba seli zinazopanguswa kutoka ukeni zinaweza kuonyesha saratani chini ya darubini. Hakuna aliyemsikiliza sana mpaka kitabu alichoandika na Herbert Traut kilipotoka mwaka 1943. Kipimo chake kilipunguza vifo kwa kiasi kikubwa katika nchi tajiri. Lakini kinataka maabara, mtaalamu wa kusoma seli, na mwanamke anayerudi kuchukua majibu. Kwa mama wa Nyanungu hizo ni safari mbili, na akikutwa na tatizo, tatu.

Njia ya siki ina asili yenye doa. Hans Hinselmann wa Hamburg alibuni mwaka 1925 darubini ya kuangalia mlango wa kizazi moja kwa moja, na ndiye aliyewazoesha madaktari kupaka asidi ya siki ili sehemu yenye hitilafu igeuke nyeupe. Wakati wa utawala wa Wanazi, wanawake Wayahudi katika kambi ya Auschwitz walikatwa vipande vya mlango wa kizazi bila ridhaa, vikapelekwa Hamburg kuchunguzwa. Mwaka 1946 Hinselmann alihukumiwa kifungo kwa kuwafunga kizazi wanawake wa Kiroma kwa nguvu. Siki haina kosa. Ila nayataja haya kwa sababu neno ridhaa, ambalo kliniki zetu wakati mwingine hulipitia kwa haraka kama sahihi ya kwenye fomu, limenunuliwa kwa bei hiyo.

Sasa waya. Tarehe 1 Oktoba 1926, mjini Boston, Harvey Cushing alifanya upasuaji wa ubongo kwa mashine ya umeme ya William Bovie, iliyoweza kukata nyama na kuziba mishipa ya damu kwa wakati mmoja. Ilipita nusu karne na ushei kabla kifaa hicho hakijapata kazi yake kwenye mlango wa kizazi. Mfaransa René Cartier alitumia vitanzi vidogo vya waya mwanzoni mwa miaka ya 1980, akikata kipande baada ya kipande. Kisha mwaka 1989 Walter Prendiville na wenzake wa Bristol, Uingereza, waliandika kuhusu kitanzi kipana zaidi, kinachoondoa eneo lote lenye hatari, mara nyingi kwa mkato mmoja. Hiyo ndiyo tiba ambayo madaktari wetu huiita LEEP. Haihusiani na kile kitanzi cha uzazi wa mpango.

Ukiitazama kwa karibu, ni kazi ndogo. Mama hulala chali, spekula huwekwa kama katika kipimo cha kawaida, mlango wa kizazi hupakwa dawa ili sehemu mbovu ijitenge na nzima. Sindano ya ganzi huchomwa pale pale. Huyo mama yu macho na anazungumza. Waya mwembamba kama uzi huingizwa kutoka upande mmoja na kutokea upande wa pili, na nyama yenye kina cha takriban sentimita moja hutoka. Kuna harufu ya kuungua na moshi kidogo, ndiyo maana mashine ya kuvuta moshi husimama pembeni. Kwa kawaida yote huisha katika nusu saa au chini yake, na mama hurudi nyumbani siku hiyo hiyo. Ataona majimaji ya rangi ya kahawia kwa siku kadhaa, na anaambiwa asikutane na mume kwa takriban mwezi mmoja, sharti ambalo kwa ndoa nyingi ni gumu kuliko sindano. Kizazi kinabaki. Anaweza kushika mimba, ingawa uwezekano wa kujifungua kabla ya wakati huongezeka kidogo, hasa pale kipande kilichokatwa kilikuwa kirefu.

Si haki kuandika habari za kifaa kinachokata mwili wa mwanamke katika Tarime na Serengeti bila kuutaja wembe wa ngariba. Sheria ya mwaka 1998 ilikataza kuwakeketa wasichana walio chini ya miaka 18, na bado mwezi wa Desemba, msimu wa ukeketaji, wapo wanaokimbilia nyumba salama za Masanga na Mugumu. Baadhi ya wanawake waliokeketwa hubaki na kovu linalofanya hata spekula iume. Mwanamke wa namna hiyo akiambiwa "tutakukata kidogo", ana kila sababu ya kuinuka kitandani. Anastahili kuambiwa nini kinakatwa, kwa nini, na kwamba anaweza kukataa.

Waya una udhaifu wake: unataka umeme usiokatika, daktari aliyefunzwa, na maabara ya kupokea kipande. Ndiyo maana Afrika ilifuata njia ya wakunga. Utafiti wa Zimbabwe, uliochapishwa mwaka 1999 baada ya wanawake zaidi ya 10,000 kupimwa, ulionyesha kwamba wakunga na wauguzi wanaweza kutambua mabadiliko kwa siki na macho tu. Taasisi ya Saratani Ocean Road, Dar es Salaam, ilianza kupima hivyo mwaka 2002. Pamba yenye siki, kusubiri dakika moja, kuangalia kwa taa. Ikionekana weupe, tiba inaweza kutolewa siku hiyo hiyo, na safari ya pili imekufa hapo.

Tiba ya kwanza ya papo hapo ilikuwa kugandisha kwa gesi: dakika tatu baridi, tano kuachia, tatu tena. Mitungi ya gesi ni mizito na hujazwa mbali, na gesi ikiisha, kliniki husimama. Siku hizi kinatumika kifaa cha kuunguza kwa joto la nyuzi 100 na zaidi, kwa muda usiozidi dakika moja, na kipo cha kushika mkononi kinachotumia betri. Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo wake mwaka 2019. Lakini doa likifunika zaidi ya robo tatu ya mlango wa kizazi, au likiingia ndani macho yasikofika, joto halitoshi. Hapo ni waya tena, na ni rufaa.

Rufaa ya Mara ina kisa chake. Kwa miaka mingi mgonjwa mkubwa alipelekwa Bugando, Mwanza, hospitali iliyofunguliwa mwaka 1971, zaidi ya kilometa 250 kutoka Tarime. Aliyehitaji mionzi alikwenda mpaka Dar es Salaam. Hospitali ya rufaa ya Kwangwa, Musoma, ilianza kujengwa miaka ya 1970, ikasimama, watu wakazaliwa na kupata wajukuu wakilitazama gofu lake. Ilipokea wagonjwa baada ya zaidi ya miaka 40, ikiwa na jina la Mwalimu Nyerere. Katika muda huo huo ule waya wa Bristol ulishabuniwa na kuenea duniani.

Ugonjwa wenyewe haukungoja. Makadirio ya kimataifa ya mwaka 2020 yaliipa Tanzania wagonjwa wapya zaidi ya 10,000 na vifo zaidi ya 6,000. Wanawake wanaoishi na VVU wana hatari takriban mara sita zaidi, ndiyo maana upimaji umeingizwa pia katika kliniki za CTC, zinazowahudumia watu wanaoishi na VVU.

Chanzo chake, kirusi cha HPV, kilithibitishwa na Mjerumani Harald zur Hausen aliyekitambua katika uvimbe mwaka 1983, akapewa Tuzo ya Nobel mwaka 2008. Kanda ya Ziwa imechangia sura iliyofuata: wasichana 930 wa Mwanza walishiriki utafiti ulioonyesha kwamba dozi moja ya chanjo huleta kinga inayodumu. Tanzania ilianza kuchanja nchi nzima mwaka 2018, kwa wasichana wa miaka 14, na mwaka 2024 ikahamia dozi moja kwa wa miaka 9 hadi 14.

Wale wa 2018 walizaliwa mwaka 2004. Watafikisha miaka 30, umri wa kuanza kupimwa, mwaka 2034. Dada zao wakubwa, mama zao na shangazi zao wa Sirari, Nyamongo na Mugumu hawakuchanjwa. Kwa hao, siki, joto na waya vitahitajika kwa miaka mingine mingi.