Sifa Zipo, Kazi Iko Wapi?

Mama mdogo ana faili la plastiki ambalo hukaa juu ya kabati, pale ambapo paa halivuji. Ndani mna cheti cha chuo cha ualimu, cheti cha kusajiliwa, na nakala za barua za maombi ambazo nimeacha kuzihesabu. Hapa Kibarani watu wazima kwa watoto wanamwita "ticha". Asubuhi anafundisha kama mwalimu wa BOM, yule anayelipwa na bodi ya shule pesa zikipatikana. Jioni anakaanga viazi karai. Mimi niliacha chuo kikuu mwaka wa pili, na kila jamaa akinikuta huniambia, "Ungemaliza, saa hii ungekuwa na kazi." Namtazama mama mdogo, nanyamaza.

Si ati mambo yalikuwa hivi tangu zamani. Kabla ya 1967, mwalimu wa Kenya angeweza kuwa mtu wa misheni, wa baraza la mtaa au wa bodi ya shule, kila mwajiri na masharti yake. Chama cha walimu, KNUT, kilichoundwa 1957, kilidai mwajiri mmoja. Ndipo ikaja Tume ya Huduma za Walimu, TSC. Kwa miaka mingi baada ya hapo, ukimaliza chuo cha ualimu unangoja tu kuambiwa umepelekwa wapi.

Mlango huo ulifungwa 1998, serikali iliposimamisha ajira mpya. Ulipofunguliwa tena, 2001, ulikuwa mwembamba: mwalimu anaajiriwa pale tu penye pengo, na usaili unafanywa huko huko wilayani na shuleni. Sasa watu wakaanza kupimwa kwa alama. Miongozo ya TSC iliwahi kumpa alama zaidi aliyehitimu mapema, yaani kungoja kwenyewe kukawa sifa. Fikiria hilo. Mwenye matokeo mazuri aliyehitimu juzi anashindwa na aliyekaa nyumbani miaka minane, na wote wawili wana haki ya kulalamika.

Katiba ya 2010 ilijaribu kuliweka sawa jambo hili. Kifungu cha 232 kinasema ajira ya umma ifuate ushindani wa haki na sifa. Lakini hakikuishia hapo. Sifa zimewekwa chini ya masharti mengine mawili: jamii zote za Kenya ziwakilishwe, na wanawake, wanaume, makabila yote na watu wenye ulemavu wapate nafasi sawa. Kwa hivyo mtu wa Pwani anayeuliza mbona wa kwetu hawaajiriwi, na mtu wa bara anayesema mimi nina alama za juu, wote wanasoma kifungu kimoja.

Hata hivyo, kesi kubwa hazikuhusu nani ana alama nyingi. Zilihusu kile unachopewa ukishachaguliwa. Serikali ilipopanga kuajiri walimu 18,000 kwa mkataba, KNUT ilikwenda kortini. Haikupinga walimu kuongezwa. Ilipinga waajiriwe nusunusu. Mwaka 2011, baada ya mgomo, serikali ilikubali kuwapa kazi ya kudumu.

Miaka ikapita, neno likabadilika. Sekondari Msingi ilipoanza, maelfu waliajiriwa kama wanagenzi, kwa shilingi 20,000 kwa mwezi kabla ya makato. Walikuwa na vyeti, wamesajiliwa, wamechaguliwa. Tarehe 17 Aprili 2024, Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira na Leba aliamua kwamba TSC haina mamlaka ya kuajiri wanagenzi. Kazi yake kikatiba ni kuajiri walimu waliosajiliwa. Ukishasajiliwa wewe ni mwalimu. Si mwanafunzi wa mazoezi.

Uamuzi huo niliusoma kwa simu, ndani ya matatu, nikahisi kama umeandikwa kuhusu nyumba yetu. Wanagenzi takriban 46,000 waliingia kwenye ajira ya kudumu Januari 2025. Nilishangilia. Kisha nikaona tangazo la nafasi nyingine 20,000. Za wanagenzi.

Hapo ndipo nilipoelewa historia hii inasema nini. Tumezoea kuuliza kama aliyechaguliwa anastahili. Swali ambalo walimu wamelipeleka kortini mara kwa mara ni lingine: mkishakubali kwamba ninastahili, mbona mnanilipa kama mtu anayejaribiwa?

Nilimweleza mama mdogo habari za tangazo lile. Alicheka kidogo. "Miaka yote hii darasani, mwanangu, leo niwe mwanagenzi?" Kisha akapanda kwenye kiti, akashusha faili, akalipangusa vumbi kwa kanga yake. Akaniomba nimjazie fomu kwenye simu yangu.

Nilimjazia. Kabla sijaituma, aliinama karibu na kioo, akahakikisha kwamba nimeandika majina yake yote matatu, kama yalivyo kwenye cheti.