Bei ya Msamaha: Filamu Fupi na Sheria Nchini Pakistan

Wahakiki wetu wamezoea kuipima filamu fupi kwa mizani ya hadithi fupi: tukio moja, wahusika wachache, mwisho wa ghafla. Mizani hiyo huelemewa na kazi za Sharmeen Obaid-Chinoy, kwa kuwa mwisho wake haumo mikononi mwa mtunzi.

Katika Saving Face, aliyoielekeza pamoja na Daniel Junge na iliyotuzwa Oscar mwaka 2012, msuko ungali unatulia. Wanawake waliomwagiwa tindikali wanatibiwa na daktari Mohammad Jawad kutoka London, na Bunge linapitisha sheria ya kuwaadhibu watendaji.

A Girl in the River (2015) haitupi utulivu huo. Msichana aliyeolewa na kijana aliyempenda anapigwa risasi na babake akisaidiwa na jamaa, anatiwa guniani na kutupwa mtoni. Anaokoka. Hata hivyo, kiini cha filamu si risasi, bali ni msamaha. Tangu 1990 sheria ya kisasi na dia ilimruhusu aliyejeruhiwa, au warithi wa aliyeuawa, kumsamehe mtenda. Na katika mauaji ya "heshima" warithi na muuaji hula sinia moja. Wazee wanamshinikiza msichana hadi anasamehe mahakamani, ilhali moyoni, asema, hajasamehe. Babake anatoka jela na kueleza mbele ya kamera, bila haya, jinsi hadhi yake ilivyopanda. Mwelekezi hamkatizi. Nadhani hapa ndipo penye ufundi wote wa filamu hii: taasubi ya kiume inajishtaki kwa kinywa chake yenyewe.

Februari 2016 filamu ilioneshwa nyumbani kwa Waziri Mkuu Nawaz Sharif. Oktoba, Bunge likapitisha kifungo cha maisha kwa mauaji ya aina hii hata jamaa wakisamehe. Wapo wanaoihesabu sheria hiyo kuwa tunda la filamu. Wanasahau kwamba Julai, Qandeel Baloch, aliyevuma mitandaoni, aliuawa na kakake, na kilio cha umma kikawa kikubwa kuliko cha ukumbi wowote wa sinema. Aidha, sheria yenyewe haina nguvu mpaka ithibitishwe kuwa kisa kilikuwa "heshima". Kakake Baloch, ambaye kosa lake liliitangulia, alifungwa maisha mwaka 2019. Mwaka 2022 mahakama ya rufani ilimwachilia, mama yao akiwa amekwisha kumsamehe.