Kutoka Uzi Hadi Pikseli: Historia ya Kamera Inayosubiri Mwendo

Mwaka 1905, vita vya Majimaji vilipofika Ungoni, huko Leipzig kilitoka kitabu cha Mjerumani Carl Georg Schillings chenye picha za wanyama alizozipiga usiku katika nyika za Umasaini. Schillings alifunga punda au ng'ombe kama chambo, kisha akatega uzi. Simba akirukia chambo, hugusa uzi, unga wa magnesi huwaka, picha ikanaswa. Mtego ukishafyatuka, haupigi tena mpaka utegwe upya.

Baadaye uzi ukapisha kihisi kinachotambua joto la kitu kinachosogea. Kwa kamera za namna hiyo, mwaka 2005 katika msitu wa Ndundulu, milima ya Udzungwa, alinaswa sange mwenye uso wa kijivu ambaye wanasayansi hawakumjua. Mwaka 2008 akatangazwa spishi mpya. Serengeti nako kamera 225 zilitegwa kuanzia 2010. Katika picha milioni 3.2 zilizochambuliwa, takribani robo tatu hazikuwa na mnyama. Mara nyingi kilichofyatua kamera ni nyasi zilizopashwa joto na jua, zikatikiswa na upepo.

Kompyuta ilipita njia nyingine. Mwaka 1999 Gary Bradski wa kampuni ya Intel alianzisha OpenCV, maktaba ya programu za kuchakata picha, iliyotolewa kwa umma mwaka 2000. Humo, njia rahisi ya kugundua mwendo ni hesabu ya kutoa. Picha mbili za video zinazofuatana hugeuzwa kuwa za kijivu, kila pikseli, yaani nukta ya picha, ikiwa na namba kati ya 0, yaani nyeusi, na 255, yaani nyeupe. Pikseli ikitoka 112 kwenda 190, tofauti ni 78. Kizingiti, yaani kiwango ambacho tofauti ikikipita huhesabiwa, kikiwa 25, pikseli hiyo imebadilika. Zikisongamana nyingi mahali pamoja, programu huzichorea kisanduku.

Lakini jani nalo hubadilisha pikseli. Mwaka huohuo wa 1999, Chris Stauffer na Eric Grimson wa chuo cha MIT walitoa mbinu inayoifanya kila pikseli ijifunze mazoea yake: tawi linalopepea kutwa lihesabiwe mandhari, tembo ahesabiwe mgeni. Mbinu za ukoo huo zimo OpenCV hadi leo.

Mashariki mwa Songea, katika wilaya za Namtumbo na Tunduru, umepita ushoroba wa Selous–Niassa, njia ya tembo. Huko programu ya namna hii ingeweza kumwonya mkulima tembo akikaribia shamba. OpenCV ni bure. Kompyuta mpakato na video ya simu vinatosha kuanzia. Walimu na wanafunzi wa Ruvuma waijaribu kwanza kwa video ya miombo siku ya upepo mkali. Programu isiyoweza kunyamaza mbele ya majani haifai kumwamsha mkulima usiku.