Dereva, Hati na Nchi: Kutoka Kampala hadi Ulyankulu

Pasaka ya mwaka 1973 mashindano ya East African Safari yalimalizika kwa jambo lililo nadra katika mbio ndefu za magari: madereva wawili walifungana. Baada ya maelfu ya kilomita za vumbi, matope na mawe, Shekhar Mehta na Harry Källström wa Sweden, wote wakiwa katika magari ya Datsun, walikuwa na adhabu sawasawa. Ikabidi itumike kanuni ya kuwatenganisha waliofungana, na ushindi akapewa Mehta. Huo ndio mwaka mashindano ya dunia ya mbio hizo yalipoanzishwa rasmi, kwa hiyo jina lake likaingia katika daftari la dunia. Humo ameandikwa Mkenya. Mwaka mmoja kabla ya hapo alikuwa mtu wa Kampala.

Mehta alizaliwa Kampala mwaka 1945, katika familia ya Kihindi iliyomiliki mashamba makubwa. Aliingia katika mbio akiwa kijana, na mwaka 1971 alishika nafasi ya pili katika Safari, nyuma ya Edgar Herrmann. Mashindano yenyewe yalianza mwaka 1953 kama shamrashamra za kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Pili, yakipita Kenya, Uganda na Tanganyika. Kwa asili ulikuwa mchezo wa walowezi, na hata leo ni mchezo wa wenye fedha. Mwanakijiji alihitajika zaidi pale gari lilipozama katika tope na ikatafutwa mikono ya kulisukuma. Hata hivyo, kwa miaka mingi yalikuwa miongoni mwa mambo machache ambayo watu wa nchi zetu tatu waliyafuatilia kwa pamoja.

Agosti 1972 Idi Amin alitangaza kuwafukuza Waasia na kuwapa siku tisini. Simulizi hii tumezoea kuisimulia kama habari ya maduka na viwanda vilivyogawiwa wanajeshi. Kwa mwanafunzi wa sheria na kwa mtumishi wa umma, sehemu inayostahili kusomwa kwa makini zaidi ni ile ya karatasi. Amri ilianza kwa kuwalenga wenye pasi za Uingereza, kisha ikapanuliwa. Waasia waliodai kuwa raia wa Uganda walitakiwa kujipanga foleni ili uraia wao uhakikiwe, na wengi waliukosa hapo, dirishani. Mtu alikuwa ameukana uraia wa Uingereza kwa kuchelewa baada ya uhuru, au hakuwa na uthibitisho wa kuukana. Kwa kasoro hiyo moja, aliyeingia ofisini akiwa raia alitoka akiwa hana nchi. Familia ya Mehta ilihamia Kenya. Miezi isiyotimia sita baada ya siku ya mwisho ya Amin, kijana wao alikuwa bingwa wa Safari.

Mwalimu Nyerere alilaani hadharani kufukuzwa huko na kukuita kwa jina lake, ubaguzi wa rangi. Hilo ni la kujivunia. Lakini tusiharakishe kujipongeza: mwaka 1971 sheria yetu ya kutwaa majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000 iliwagusa Waasia kuliko kundi lolote, na wengi wao walifunga mizigo. Sheria hiyo ilitaja mali, haikutaja rangi, na tofauti hiyo kwangu ni kubwa. Aliyekuwa akifunga mzigo wake pale Dar es Salaam huenda hakuiona hivyo.

Mehta alishinda tena mwaka 1979, kisha 1980, 1981 na 1982: mara tano kwa jumla, nne zikiwa mfululizo. Ushindi wa 1979 una sadfa ambayo mtunzi wa riwaya angeogopa kuitumia. Kampala iliangukia mikononi mwa majeshi ya Tanzania na ya Waganda waliokuwa uhamishoni tarehe 11 Aprili. Pasaka ilikuwa tarehe 15. Wiki ileile aliyemfukuza alipokuwa akiikimbia ikulu, Mehta alikuwa katika barabara za Kenya akilitafuta taji lake la pili. Safari yenyewe wakati huo ilikuwa imekwisha kuwa ya Kenya peke yake, na Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa imevunjika miaka miwili kabla.

Ulaya ilikuwa na Mehta wake kati ya vita kuu mbili. René Dreyfus alizaliwa Nice, Ufaransa, mwaka 1905, baba yake akiwa Myahudi. Mwaka 1930, akiendesha Bugatti yake binafsi, aliwashinda madereva wa kiwanda chenyewe cha Bugatti huko Monaco kwa ujanja wa kawaida kabisa: alifunga tangi la ziada la mafuta, hivyo hakulazimika kusimama wakati Louis Chiron, aliyekuwa akiongoza, alipolazimika. Baada ya 1933 serikali ya Hitler ilianza kumimina fedha katika magari ya Mercedes na Auto Union, na mbio zikageuka kuwa hotuba ya kisiasa yenye magurudumu manne. Wafaransa walijibu kwa tuzo ya faranga milioni moja, na Dreyfus ndiye aliyeitwaa mwaka 1937 akiwa na gari la Delahaye. Aprili 1938, katika mji wa Pau, Dreyfus na Delahaye hiyo waliishinda Mercedes iliyokuwa na nguvu nyingi zaidi. Mercedes ilisimama kuongeza mafuta. Delahaye, yenye matumizi madogo, iliendelea. Ufaransa ilishangilia.

Miaka miwili baadaye Dreyfus alikuwa Marekani kwa ajili ya mbio za Indianapolis wakati Ufaransa ilipoangushwa. Hakurudi. Alipata uraia wa Marekani, akatumikia jeshi lake, kisha akawa mwenye mgahawa jijini New York hadi uzeeni. Kule nyumbani serikali ya Vichy haikuchelewa. Julai 1940 iliunda tume ya kupitia upya uraia wote uliotolewa tangu mwaka 1927, na watu wapatao 15,000 walivuliwa. Oktoba ikatoka sheria ya kuwaondoa Wayahudi katika utumishi wa umma. Ninaomba msomaji aishike akilini hiyo tume ya Julai. Taifa lilifungua majalada ya watu ambao tayari lilikuwa limewapa hati, likaanza kusoma upya.

Madereva hawa wawili ni mifano mizuri, na kwa sababu hiyohiyo ni mifano ya hatari. Tukisema Uganda ilikosea kwa kuwa ilimpoteza bingwa, tumekubali kimyakimya kwamba fundi cherehani wa Jinja asiye na kombe lolote angeweza kufukuzwa bila hasara. Mehta alikuwa na fedha, na kipaji kilichotafutwa na makampuni ya magari. Mlango wa Nairobi ulifunguka. Fundi cherehani alipelekwa kambini Uingereza na sanduku moja, au alibaki akizungushwa kati ya balozi. Ni huyo anayepima ubora wa sheria ya uraia.

Nayaandika haya nikiwa Isevya, katika mji uliojengwa na wapita njia. Tabora ilikuwa kituo cha misafara kabla haijawa makao ya mkoa. Wamanyema waliletwa au walikuja kutoka ng'ambo ya Tanganyika, Waarabu wa Oman walijenga Kwihara, na Wanyamwezi wenyewe walibeba mizigo hadi Bagamoyo na wengine hawakurudi. Msiri, aliyetoka upande huu, alianzisha dola Katanga, na wajukuu wa watu wake, Wayeke, wako Bunkeya hadi leo. Anayetaka kuhesabu nani ni mwenyeji halisi katika njia hii ya misafara atahesabu hadi achoke.

Mwaka uleule wa 1972, miezi michache kabla ya amri ya Amin, mauaji ya kimbari ya Wahutu nchini Burundi yalisukuma makumi ya maelfu ya watu kuvuka mpaka. Mkoa wetu uliwapokea Ulyankulu. Walikata msitu, wakalima, wakazaa. Baadaye serikali iliwapa wakimbizi hao wa 1972, wa Ulyankulu, Katumba na Mishamo, nafasi ya kuchagua kati ya kurejea na kuomba uraia. Zaidi ya 162,000 walikubaliwa kuwa raia wa tajnisi. Sijui nchi nyingi zilizothubutu kufanya jambo la ukubwa huo, na wanafunzi wangu husikia sifa hiyo kila mwaka.

Ila sifa hiyo ina mwanya katikati. Maombi yalikubaliwa kufikia 2010. Hati zilianza kugawiwa Oktoba 2014. Kilichochelewesha ni sharti kwamba kwanza wahame makazi yale na kutawanywa mikoani, sharti ambalo mwishowe liliachwa. Katika kipindi hicho waombaji walikuwa wamekwisha kuukana uraia wa Burundi, na karatasi ya Tanzania hawakuwa nayo mkononi. Msichana wa Ulyankulu aliyemaliza kidato cha sita mwaka 2012, aliyezaliwa hapa na mzazi aliyezaliwa hapa, alipofika katika fomu ya chuo penye nafasi ya uraia, aliandika nini?