Droni, ndege nyuki au ndege isiyo na rubani? Historia na matumizi ya maneno haya

MWEZI uliopita nilihudhuria harusi ya binti ya rafiki yangu kijijini. Maarusi walipokuwa wakitoka kanisani, kijana mmoja wa kupiga picha alirusha angani kidude chenye feni nne ndogo. Kilivuma juu ya vichwa vyetu, watoto wakakikimbilia, kuku wakatafuta pa kujificha. Tulipokuwa tukila, kilirushwa tena. Upepo ukakivuta, kikagonga ukingo wa hema na kuanguka juu ya meza yetu, bakuli la mchuzi likapinduka.

Mshereheshaji alijaribu kutuliza mambo kwa kipaza sauti. "Wazee wetu mtusamehe, hiyo ni ndege isiyo na rubani!" Watu wakaangua kicheko. Shangazi mmoja aliyeketi kando yangu, gauni lake limelowa mchuzi, hakucheka hata kidogo.

"Isiyo na rubani?" akaniuliza. "Na yule kijana ako na rimoti pale ni nani? Wewe si ni mwalimu wa Kiswahili? Hebu nieleze."

Sikuwa na jibu la haraka. Makala haya ndiyo jibu langu kwake, na pia kwa wanafunzi na wanahabari kadhaa ambao wamewahi kuniuliza ni istilahi ipi sahihi kati ya tatu zinazotumika sasa: 'droni', 'ndege nyuki' na 'ndege isiyo na rubani'. Ili tuzipime ipasavyo, ni sharti kwanza tujue kila moja ilikotoka.

Tuanze na neno la Kiingereza 'drone', ambalo ndilo mzazi wa istilahi mbili za kwanza. Neno hili ni kongwe na maana yake ya asili ni nyuki dume. Wafugaji wa nyuki wanamfahamu vyema mdudu huyu: hatafuti nekta, hana mwiba wa kudunga, na kazi yake kubwa ni kumpandisha malkia. Kwa sababu hiyo, kufikia karne ya 16 Waingereza walikuwa wakilitumia neno hilo kumrejelea mtu mvivu anayekula jasho la wengine. Katika karne hiyohiyo lilitumika pia kama kitenzi chenye maana ya kuvuma.

Nyuki huyu aliingiaje angani? Majaribio ya kurusha ndege bila mtu ndani yalianza wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Mwaka 1917, Mwingereza Archibald Low alijaribu kuongoza ndege ndogo kwa mawimbi ya redio. Mwaka uliofuata Wamarekani waliunda chombo cha kubeba baruti kilichoitwa Kettering Bug, yaani 'mdudu wa Kettering'. Hata hivyo, jina 'drone' lilikuwa bado halijatumiwa kwa vyombo hivi.

Mwaka 1935 Waingereza walirusha ndege iliyoongozwa kwa redio kutoka ardhini, kwa ajili ya kuwafunza wanajeshi wao kulenga shabaha angani. Waliiita Queen Bee, maana yake Malkia wa Nyuki. Mkuu wa jeshi la majini la Marekani, William Standley, alionyeshwa ndege hiyo akapendezwa nayo, na aliporejea kwao akataka jeshi lake liwe na chombo kama hicho. Kazi hiyo ilikabidhiwa afisa aliyeitwa Delmer Fahrney. Yeye na wenzake walipotafuta jina la chombo chao, walichagua 'drone', kwa heshima ya yule Malkia wa Nyuki wa Waingereza. Nyuki dume akazaliwa kwa jina la malkia wake.

Tangu hapo ukoo wa wadudu uliendelea. Marekani ilikuwa na Firebee, nyuki wa moto, kisha ikapeleka Vietnam vyombo vya upelelezi vilivyoitwa Lightning Bug, yaani kimulimuli. Baadaye wadudu waliwapisha wawindaji. Ndege iliyoanza kufyatua makombora nchini Afghanistan mwaka 2001 iliitwa Predator, jina la mnyama anayekula wengine, na iliyoifuata ni Reaper, mvunaji, ambaye katika masimulizi ya Wazungu ndiye mauti yenyewe. Wanajeshi walibadilisha majina ya vyombo vyao, lakini watu wa kawaida wakabaki na 'drone'. Ndiyo sababu leo neno moja linarejelea kidude cha harusini na pia silaha inayoweza kuteketeza nyumba.

Sasa tugeukie Kiswahili. Istilahi 'ndege nyuki' inasikika zaidi Tanzania, ingawa hata hapa Kenya imeanza kuzoeleka. Waliobuni istilahi hii walifuata mtindo ambao Kiswahili kinaujua tangu jadi: nomino mbili huwekwa pamoja, ya kwanza ikitaja kitu chenyewe na ya pili ikieleza sifa yake. Ndivyo tulivyopata punda milia na bata mzinga. Kimuundo, basi, ndege nyuki haina kasoro.

Kimaana, hata hivyo, safari yake ni ya ajabu. Mswahili akisikia 'nyuki' hamfikirii dume mvivu asiyedunga. Anamfikiria mdudu mchapa kazi, mwenye asali na mwenye mwiba. Mvumo, tija na maumivu, yote yamo katika neno hilo moja. Kwa hivyo tafsiri hii imepotoka kwa kipimo cha Kiingereza, lakini kwa kipimo cha Kiswahili imepatia kuliko neno la awali. Nchini Rwanda, tangu mwaka 2016, vyombo hivi hupeleka damu katika hospitali za mashambani na kuidondosha kwa parachuti. Hiyo ndiyo asali. Majirani zetu wa Somalia, ambako mashambulizi ya Marekani ya kutumia vyombo hivi yaliripotiwa tangu mwaka 2011, wanaujua mwiba.

Wala si mara ya kwanza kwa nyuki na vita kukutana katika lugha yetu. Chukua neno 'mzinga'. Asili yake ni gogo lililotobolewa ndani ili nyuki waingie watengeneze asali. Silaha zenye mtutu mnene zilipofika pwani, Waswahili waliona umbo la lile gogo, wakaziita mizinga. Ndiyo maana leo tunasema kiongozi amepigiwa mizinga 21 na hakuna anayeogopa kuumwa na nyuki. Vijana nao wamelichukua neno hilo na kulipeleka kwengine: akikwambia fulani amempiga mzinga, jua ameombwa pesa.

Neno 'ndege' nalo lina historia yake. Kabla ya eropleni, ndege alikuwa kiumbe mwenye mabawa, na pia ishara ya heri au shari. Mtu aliyeanza safari kisha akarudi nyumbani ghafla aliweza kusema ameona ndege mbaya. Chombo cha Wazungu kilipotokea angani, jina likahamia kwake, lakini sarufi ikaweka mpaka. Ndege kiumbe alibaki katika ngeli ya A-WA: ndege ameruka. Ndege chombo ikaingia katika ngeli ya I-ZI: ndege imeruka. Ndivyo ilivyo pia kwa kifaru. Yule wa mbugani ameuawa; kile cha vitani kimeharibiwa. Upatanisho wa kisarufi hutuambia mara moja kama tunazungumzia kitu chenye uhai au chombo.

Kwa msingi huo, anayesema "ndege nyuki ameanguka" amekosea, japo nomino zote mbili zinazounda istilahi hiyo ni majina ya viumbe. Inavyostahiki ni "ndege nyuki imeanguka". Vivyo hivyo kwa droni: droni hii, droni hizi. Wengi mitaani husema 'madroni', na sishangai, kwa kuwa maneno ya mkopo hupenda kujiongezea ma- katika wingi. Katika maandishi sanifu, wingi wa droni ubaki kuwa droni.

Ndege nyuki ina udhaifu mwingine: haiwezi kuogelea. Tangu mwaka 2022 tumesikia habari za Ukraine kushambulia meli za Urusi katika Bahari Nyeusi kwa vyombo visivyo na watu ndani, vinavyopita juu ya maji. Kwa Kiingereza hivyo navyo ni 'drone'. Je, tuviite ndege nyuki za majini? Vipo pia vya magurudumu vinavyotembea nchi kavu. Hapa ndipo 'droni' inaposhinda. Ni neno la mkopo, limetoholewa kwa kuongezewa irabu mwishoni kama tulivyozoea, na halibanwi na mabawa. Tunaweza kusema droni ya angani, droni ya majini na droni ya nchi kavu bila kujichanganya.

Inabaki istilahi ya tatu, ile iliyomkera shangazi. Rubani ni neno tulilolipata kutoka Kiarabu kupitia bahari. Nahodha alikuwa mkuu wa chombo. Rubani alikuwa yule aliyejua mikondo na miamba, akakiongoza chombo mpaka kikaingia bandarini salama. Kilindini bado kuna marubani wa aina hiyo, wanaopanda meli za kigeni kuziongoza zipite mlangoni. Usafiri wa angani ulipokuja, neno hilo lilipaa pamoja nao. Tangu mwanzo, basi, sifa kuu ya rubani si kukaa ndani ya chombo. Sifa yake ni kuongoza.

Tukilitazama hivyo, 'ndege isiyo na rubani' inasema jambo ambalo aghalabu si kweli. Rubani yupo, ila ameketi ardhini. Pengine yuko hatua hamsini kutoka hapo, kama yule kijana wa harusini. Pengine yuko bara jingine, akitazama kioo. Hata kanuni za Kenya za mwaka 2020 kuhusu vyombo hivi zinakiri hivyo. Kwa jina zinahusu vyombo visivyo na rubani, lakini ndani yake zimeweka leseni ya rubani anayeongoza akiwa mbali. Sheria inasema hayupo, kisha inampa leseni!

Msomaji anaweza kusema, "Mwalimu, si hayo ni maneno tu?" Sivyo. Pale kijijini ilikuwa gauni na bakuli la mchuzi. Kwingine huwa ni maisha ya watu. Jamaa wanapomzika mtu wao, kisha redioni ikatangazwa kwamba ameuawa na ndege isiyo na rubani, lugha imewaambia kwamba hapakuwa na mtu. Hapana wa kuulizwa, hapana wa kushtakiwa. Ni kana kwamba ametokea yule ndege mbaya wa wahenga, akapita.

Kiswahili kina dawa ya tatizo hili, na dawa yenyewe ni vihusishi viwili vidogo ambavyo wanafunzi wangu huvichanganya kila mwaka. Tunasema mtu ameuawa *na* jambazi, ila ameuawa *kwa* panga. 'Na' humtaja mtenda. 'Kwa' hutaja kifaa. Hakuna Mswahili makini anayesema marehemu aliuawa na panga, maadamu panga halina nia. Mbona basi kila siku tunaandika "watu watano wameuawa na droni"? Droni ni panga lenye feni. Ni sharti tuandike "wameuawa kwa droni", na tukisema hivyo sentensi yenyewe itatudai tutaje mtenda: kwa droni ya nani, iliyorushwa na nani?

Kuna atakayeniambia kwamba siku hizi zipo droni zinazojiamulia njia na hata shabaha. Naam, zipo, na hapo pia sarufi inatusaidia. Tutofautishe droni *inayoendeshwa* na droni *inayojiendesha*. Kiambishi 'ji' kinabeba tofauti nzima. Hata hivyo, inayojiendesha nayo ilitengenezwa na mtu, ikapewa maagizo na mtu, ikaachiliwa na mtu. Tusiruhusu kiambishi kimoja kiwafiche wote hao.

Mapendekezo yangu ni haya. 'Droni' iwe istilahi ya jumla kwa vyombo vyote vya aina hii. 'Ndege nyuki' itumike kwa vile vidogo vinavyovuma angani, hasa katika mazungumzo na fasihi, kwa kuwa ni istilahi tamu na yenye picha. 'Ndege isiyo na rubani' tuitumie kwa uangalifu, na katika habari za mashambulizi tuiepuke kabisa.

Nirejee harusini. Yule kijana wa picha alikuja mezani akitokwa na jasho, rimoti ingali mkononi. Akainama mbele ya shangazi.

"Pole sana, mama. Ni mimi nilikuwa naiendesha. Upepo ulinishinda."

Shangazi alimtazama, kisha akanigeukia. "Umeona? Rubani huyu hapa." Akamwambia kijana alete maji na sabuni, na mambo yakaishia hapo.