Kisicho na Mwelekeo: Fungu la Maneno na Maji ya Ziwa Victoria

Katika takwimu, kitu huitwa kisicho na mwelekeo pale kinapopanda na kushuka bila kuegemea upande mmoja kadiri miaka inavyopita. Bei ya kahawa inaweza kuruka mwaka huu na kuanguka mwaka ujao. Kama baada ya miaka 30 bado inazunguka pale pale, tunasema bei hiyo haina mwelekeo. Maana hii ni finyu na haina ubaya wowote. Tatizo ni kwamba maneno hayo hayo tunayatumia kwa kijana aliyeacha shule na hajui afanye nini, kwa chama cha siasa kilichokosa sera, na kwa insha ambayo mhadhiri ameirudisha ikiwa na wino mwekundu. Katika matumizi hayo, kukosa mwelekeo ni aibu. Insha hii inajaribu kufuatilia jinsi maana ya pili ilivyoingia ndani ya maana ya kwanza katika uandishi wa historia, na hasara iliyopatikana, kwa kutumia mfano wa usawa wa maji ya Ziwa Victoria.

Kwanza lugha yenyewe. Mwelekeo unatokana na kitenzi elekea, yaani kutazama au kwenda upande fulani. Nyumba inaelekea ziwani. Basi linaelekea Jinja. Kitenzi hicho hicho hutumika kutaja jambo linalodhaniwa kuwa litatokea: inaelekea mvua itanyesha. Kwa hiyo mtu anaposema takwimu zina mwelekeo, msikilizaji wa Kiswahili husikia mambo mawili kwa pamoja: zilikotoka na zinakokwenda. Maelezo ya yaliyopita yanageuka utabiri bila mtu kutambua. Wapo wanaopenda kutumia mkondo badala ya mwelekeo, lakini mkondo una nguvu zaidi, kwa kuwa mkondo hukusukuma.

Kuna jambo jingine ambalo nadhani ni faida kwetu. Lugha ya Kiingereza ina kivumishi kimoja cha hali hii, ambacho hakibadiliki na kinaweza kubandikwa popote. Kiswahili hakina. Sisi tunasema soko lisilo na mwelekeo, bei isiyo na mwelekeo, mfululizo usio na mwelekeo. Kiambishi cha ngeli kinamlazimisha msemaji aseme ni kitu gani hasa kimekosa mwelekeo. Hatuwezi kulitupa neno hewani tu.

Wanahistoria wamelitupa hewani mara nyingi. Hegel, katika mihadhara yake ya falsafa ya historia iliyochapishwa mwaka 1837 baada ya kifo chake, aliiweka Afrika nje ya historia kwa hoja kwamba haina mwendo wala maendeleo ya kuonyesha. Mwaka 1963 Hugh Trevor-Roper, profesa wa historia wa Oxford, alirudia wazo hilo kwa namna yake. Kwake historia ni mwendo wenye lengo, na makabila yanayozunguka bila kufika popote si somo la mwanahistoria. Tuangalie vizuri anachosema. Hasemi kwamba hakuna lililotokea Afrika. Anasema yaliyotokea hayakuwa na mwelekeo, kisha kutoka hapo anaruka hadi kwenye hukumu kwamba hayafai kusomwa. Mwaka huo huo wa 1963 Makerere, Nairobi na Dar es Salaam ziliunganishwa kuwa Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki. Sehemu kubwa ya kazi ya wanahistoria wa kizazi hicho ikawa kujibu shutuma hii, na jibu lao la kawaida lilikuwa kutafuta mwelekeo: kupanuka kwa falme, kukua kwa biashara ya misafara, kuelekea kwenye taifa. Ninawaelewa, lakini naona walikubali sharti la mshtaki kabla ya kujibu shitaka.

Maana mwaka 1935 H. A. L. Fisher, Mwingereza mwingine, alitoa kitabu chake cha historia ya Ulaya na akakiri katika dibaji kwamba wengine wameona mpango au mdundo katika historia, ila yeye haoni hivyo. Anaona tukio likifuata tukio kama mawimbi. Hakuna aliyesema kwamba basi Ulaya haina historia. Fisher alisifiwa kwa unyenyekevu wake. Sifa ile ile, ikisemwa kuhusu Ulaya ni hekima, na ikisemwa kuhusu Afrika ni upungufu. Karl Popper, katika kitabu chake cha mwaka 1957 kuhusu udhaifu wa kutabiri historia, alisaidia kwa upande mmoja: mwelekeo upo, alisema, lakini mwelekeo si kanuni. Idadi ya watu inaweza kuongezeka kwa miaka mia kisha ikakoma, kwa sababu masharti yaliyoiongeza yameondoka.

Sasa twende ziwani, ambako maneno haya yanaweza kupimwa kwa nguzo yenye alama za sentimita.

Usawa wa maji ya Ziwa Victoria, ambalo Waganda huliita Nnalubaale, umepimwa tangu mwaka 1896, mwanzoni upande wa Entebbe. Siku hizi kipimo kinachotajwa zaidi ni cha Jinja, Mto Nile unapoanzia. Namba zake si kina cha ziwa, kwa maana ziwa lina kina cha mita 80 hivi mahali pake pa chini kabisa. Ni alama kwenye nguzo tu. Wakoloni walikuwa na sababu ya kuzitaka namba hizo. Reli kutoka Mombasa ilifika ziwani mwaka 1901, meli zikaanza kubeba mizigo, na gati likijengwa juu mno au chini mno ni hasara.

Mwaka 1923 mtaalamu wa hali ya hewa wa Uingereza, C. E. P. Brooks, alichapisha uchunguzi wa namba hizo na akaona jambo la kushangaza. Maji ya ziwa yalipanda na kushuka pamoja na madoa ya jua, ambayo huongezeka na kupungua kwa mzunguko wa miaka 11 hivi. Uwiano ulikuwa wa karibu sana. Fikiria furaha ya ofisi za serikali: ziwa linatabirika! Lakini Brooks alikuwa na mizunguko miwili tu mikononi mwake. Haikupita miaka mingi baada ya chapisho lake, ziwa likaacha kulifuata jua, na uwiano ule ukavunjika. Tangu hapo mfano huo hutajwa kama onyo katika maandishi ya hali ya hewa.

Kwa hiyo kufikia mwaka 1960 mtu mwenye busara angesema usawa wa ziwa hauna mwelekeo. Kwa zaidi ya miaka 60 ulikuwa umecheza ndani ya mpaka mmoja. Bwawa la Owen Falls, lililofunguliwa mwaka 1954 na kuzamisha maporomoko ya Ripon ambayo Speke aliyaona mwaka 1862, lilijengwa kwa imani kwamba mpaka huo unajulikana.

Kisha mvua za mwisho wa mwaka 1961 zikaja. Bahari ya Hindi upande wetu ilikuwa na joto kuliko kawaida, mvua hazikukoma, na miaka iliyofuata nayo ilikuwa ya mvua. Kufikia Mei 1964 ziwa lilikuwa limepanda kwa zaidi ya mita mbili na kufikia mita 13.41 kwenye kipimo cha Jinja. Mashamba ya pwani yakazama, na magati pia. Hapa ndipo tabia ya ziwa inapojitokeza: asilimia 80 hivi ya maji yake hutoka kwenye mvua inayolinyeshea lenyewe moja kwa moja, na njia ya kutokea ni moja tu, Jinja, mbali na mvuke. Maji yakiingia kwa ghafla hayana namna ya kutoka kwa ghafla. Mvua ya 1961 ilibaki ndani ya ziwa kwa miongo. Aliyezaliwa mwaka 1964 na kuishi mwaloni hadi mwaka 2000 angeapa kwamba ziwa lina mwelekeo, nao ni wa kushuka. Na namba zingemuunga mkono.

Aliyeelewa jambo hili mapema kuliko wengine hakuwa akiishi Uganda. H. E. Hurst alifika Misri mwaka 1906 na akafanya kazi ya mambo ya Mto Nile huko kwa zaidi ya nusu karne, hata watu wakampa jina la Abu Nil. Swali lake lilikuwa la kiutendaji: bwawa liwe kubwa kiasi gani ili Misri isife njaa katika karne nzima? Mpango wake wa hifadhi ya maji ya karne ulihusisha maziwa yetu moja kwa moja, na ndiyo maana Misri ilichangia gharama ili bwawa la Owen Falls liinuliwe kwa mita moja zaidi. Hurst alikusanya rekodi ndefu za kila aina, zikiwemo za kipimo cha Nile cha kisiwa cha Roda, Cairo, zinazorudi nyuma hadi karne ya 7.

Kama miaka ya maji mengi na maji machache ingekuja kama sarafu inayorushwa, kila mwaka bila kukumbuka mwaka uliotangulia, ukubwa wa hifadhi inayohitajika ungekua kwa kipeo cha 0.5 cha idadi ya miaka. Hurst alipata wastani wa 0.73 hivi, na akatangaza matokeo hayo mwaka 1951. Kwa lugha ya kawaida: miaka mizuri hufuatana kwa makundi, na miaka mibaya vilevile, kuliko bahati peke yake ingeruhusu. Mwaka 1968 Benoit Mandelbrot na James Wallis waliiita hali hiyo kwa jina la Yusuf, yule aliyefasiri ndoto ya Farao kuhusu ng'ombe saba wanono na saba waliokonda. Kwa msomaji wa Biblia au Kurani hakuna haja ya maelezo zaidi.

Ugunduzi wa Hurst unavunja mgawanyo tuliozoea. Tulidhani kuna kitu chenye mwelekeo na kitu kisicho nao, na cha pili ni vurugu tu. Yeye alionyesha aina ya tatu: mfululizo usio na mwelekeo wowote wa kudumu, lakini wenye kumbukumbu ndefu, kiasi kwamba mtu anaweza kuishi maisha yake yote ndani ya mteremko mmoja wa kupita. Kwa maoni yangu hii ndiyo picha ambayo wanahistoria wa falme za Maziwa Makuu wangeihitaji kumjibu Trevor-Roper. Kuinuka kwa Buganda juu ya Bunyoro katika karne ya 18 na 19 kulikuwa kweli, kulidumu, na watu walizaliwa na kufa ndani yake. Hakuhitaji kuwa njia ya kuelekea popote ili kustahili kuandikwa.

Miaka ya 2004 hadi 2006 ziwa lilishuka hadi kiwango ambacho hakikuwa kimeonekana kwa miaka 80 hivi. Safari hii kulikuwa na mabishano kuhusu nani amesababisha. Upande mmoja ulisema ukame. Upande mwingine ulisema mitambo ya Nalubaale na Kiira inatoa maji kupita kiasi kilichokubaliwa na Misri, kwa ajili ya umeme. Tafiti nyingi zilikubali yote mawili. Lakini kwa mjadala wetu jambo muhimu ni lingine. Watu waliona ardhi mpya imejitokeza ufukweni, wakalima mboga, wakajenga vibanda, wengine wakajenga hoteli. Maneno yaliyosikika zaidi ni kwamba ziwa linakauka. Kitenzi hicho kina mwelekeo ndani yake na utabiri ndani yake.

Mvua za mwisho wa mwaka 2019 zilikuja na Bahari ya Hindi katika hali inayofanana na ya 1961. Mei 2020, katikati ya zuio la korona, kipimo cha Jinja kilisoma mita 13.42. Kutoka kilele cha 1964 hadi kilele hicho ni miaka 56, na tofauti ni sentimita moja. Kutoka mwaka 2006 hadi hapo ni zaidi ya mita mbili na nusu. Mwanafunzi anayetaka mstari wa kupanda achague 2006. Anayetaka wa kushuka achague 1964 na aishie 2006. Anayetaka ulalo achukue vilele viwili. Wote watatu watakuwa na namba sahihi. Waliohama mialo wakiwa wamebeba magodoro kichwani walikuwa wamemwamini wa pili.

Mwaka 2024 maji yalipita hata alama ya 2020. Inawezekana safari hii kuna mwelekeo wa kweli, kwa kuwa dunia inapata joto na mvua kubwa za ghafla zinaongezeka. Inawezekana pia ni kundi jingine la miaka minono. Namba za Jinja peke yake haziwezi kutenganisha mawili hayo. Wakati huohuo kanuni za mazingira za Uganda zinakataza kujenga ndani ya mita 200 kutoka ukingo wa ziwa hili, na kila afisa anayekwenda na futi ya kupimia lazima kwanza aamue ukingo wenyewe ni upi: wa 1964, wa 2006, au pale maji yalipo asubuhi hiyo.